Bi Kinasa na Dakika Arobaini na Tano

Wanafunzi tulimwita Bi Kinasa, na alijua, na hakukasirika. Jina lilitokana na kinasa sauti chake, kidude cheusi chenye ukubwa wa kipande cha sabuni, alichokibeba ndani ya mkoba pamoja na miwani ya akiba na betri zilizofungwa kwa mpira. Ukikutana naye kwenye korido ya idara anakuuliza kama bibi yako yu hai. Ukisema yu hai, umekwisha. Utaulizwa alikuwa wapi wakati wa vita, alilala chumba gani, nani alimletea habari, na kabla wiki haijaisha Bi Kinasa amekaa kwenu sebuleni anakunywa chai na bibi, wewe mwenyewe umetumwa sukari dukani.

Lakini hakuanza hivyo. Kwa miaka kumi na minne ya kwanza ya kazi yake ya historia hakumhoji mtu hata mmoja. Alivisoma vita kwenye karatasi, na alivisoma vizuri kuliko wanaume wote wa idara ile. Jinsi alivyobadilika alinisimulia mwenyewe kidogo kidogo, mengine nikayapata kwa mumewe na kwa yule mkunga ambaye nitamtaja. Nimeyaunga kadiri nilivyoweza.

Baba yake alikuwa karani wa stoo ya reli. Vita vilipofika nchini, yeye alikuwa na miaka sita. Vilidumu miezi tisa tu, lakini vilikuwa vita vya kisasa: ndege, simu, redio za kutangaza uongo, mabomu ya kufukiwa ardhini. Mji wao haukupigwa. Alichokumbuka ni mambo madogo. Shule yao ilifanywa kambi, na siku waliporudi madarasani walikuta madawati yamegeuzwa kuni, wakasoma chini mwaka mzima. Mama yake alipaka vioo vya madirisha rangi nyeusi ili mwanga usionekane kutoka angani. Amani iliporudi ile rangi ikagoma kutoka. Waliikwangua kwa kisu, wakaimwagia mafuta ya taa, wapi! Waliishi katika giza la mchana mpaka baba alipochoka, akachukua nyundo na kuvunja vioo vyote kimoja kimoja. "Nilipokuwa mdogo," aliniambia, "nilidhani vita ni aina ya rangi."

Chuo kikuu alimkuta profesa wa historia ya vita ambaye wanafunzi walimwita Jemedari, ingawa maisha yake yote hakuwahi kushika hata manati. Jemedari alifungua kila muhula kwa methali ya fahali wawili na nyasi, kisha akawazungumzia fahali kwa miezi mitatu. Siku ya kwanza alimwona msichana mmoja kati ya wavulana thelathini, akamwita pembeni.

"Binti, somo hili litakuchosha. Kuna historia ya elimu. Ni nzuri sana, na ofisi yao ina feni."

"Nimezoea joto, Profesa," akajibu.

Akabaki. Akajifunza aina za mizinga, uzito wa risasi zake, umbali inakofika. Akipewa ramani ya mapigano yoyote aliweza kukuonyesha kwa kidole kikosi kilishindwa wapi, na mara nyingi sababu ilikuwa maji ya kunywa. Mama yake alikuwa akilalamika kwa majirani: "Mwanangu anajua bunduki zote za dunia, lakini mgeni akija anamuuliza tarehe." Aliolewa na fundi redio, mtu mpole mwenye harufu ya risasi ya kuchomelea, aliyempenda, alisema, kwa sababu ndiye mteja pekee aliyewahi kumuuliza redio inaharibikaje badala ya itapona lini. Wakapata watoto wawili. Akapanda daraja mpaka mhadhiri mwandamizi.

Akiwa na miaka arobaini na moja alitoa kitabu chake kikubwa. Kilihusu asubuhi moja ya vita vile, asubuhi ambayo ndege mbili zilipiga mji mdogo wa reli karibu na mpaka, watu sitini na mmoja wakafa, wengi wao wakiwa njiani kwenda kazini. Swali ambalo watu walikuwa wakiulizana tangu siku ile lilikuwa moja: mbona king'ora hakikulia? Kilikuwepo juu ya paa la posta. Ila kanuni ya jeshi ilikataza kukiwasha bila amri ya simu kutoka makao makuu, katika mji mkubwa ulio mwendo wa saa mbili. Bi Kinasa alipata jibu kwenye hifadhi ya nyaraka, katika ripoti ya ofisa wa zamu wa makao makuu: simu ya mji ule ilipigwa tangu saa kumi na moja alfajiri na haikupokelewa, kwani opereta alikwisha kutoroka. Akaliweka jibu hilo ukurasa wa mia mbili na kumi na mbili: "Opereta wa zamu, mwanamke wa miaka ishirini na mitatu, alikimbia kituo chake, na kwa hiyo mji haukupata onyo."

"Nilijisifu kwa ile 'kwa hiyo'," aliniambia. "Niliona imekaa vizuri. Kama bawaba na mlango."

Kitabu kilisifiwa. Kikapewa tuzo, kikaingizwa kwenye mitaala ya sekondari. Jemedari aliyeandika dibaji alijisifu kana kwamba amekizaa yeye. Miezi kumi na sita ikapita.

Jumanne moja, kati ya vipindi viwili, mlango wa ofisi ukabishwa hodi. Akaingia mwanamke wa makamo kidogo, miaka thelathini na sita hivi, amevaa viatu vyeupe vya kazi za hospitali. Mkononi alikuwa na kitabu kile kimefungwa kwenye mfuko wa nailoni kama kitu kinachovuja. Alikataa kiti.

"Wewe ndiye Daktari uliyeandika hiki?"

"Ndimi. Karibu, keti."

"Nitasimama. Mimi ni mkunga, nimezoea kusimama." Akafungua ukurasa bila kuutafuta, kitabu kilifunguka chenyewe pale. "Huyu mwanamke wa miaka ishirini na mitatu ni mama yangu."

Bi Kinasa alisema moyo wake haukushtuka hata kidogo wakati ule. Alikuwa tayari ameshazoea watu wa namna hiyo: wajukuu wa makapteni, wapwa wa mashujaa, kila mmoja anataka mtu wake aongezewe sifa. Akamjibu kwa upole wa ofisini. Akaeleza kwamba hakubuni, kwamba alinukuu ripoti rasmi, na namba ya jalada ipo chini ya ukurasa.

"Ripoti iliandikwa na nani?"

"Na ofisa wa zamu."

"Huyo ofisa alikuwepo posta?"

"Hapana. Alikuwa makao makuu."

"Sasa alimwonaje mama akikimbia?"

Bi Kinasa akatazama namba ya jalada chini ya ukurasa.

"Kazini kwangu," mkunga akasema, "mtoto akizaliwa naandika saa na dakika. Nikiandika jambo ambalo sikuliona, nafukuzwa. Ninyi huku hamfukuzwi?" Sauti yake haikupanda. "Mama alifukuzwa posta. Akawa dobi, anafua mashuka ya nyumba za wageni mpaka vidole vikapasuka. Watoto walimwita Kata-Simu. Watu wakasema lisemwalo lipo. Ukimuuliza yeye, alikuwa na neno moja tu: 'Nilikuwepo.' Basi. Haongezi, hapunguzi. Alikufa miaka minne kabla hujatoa kitabu chako, na nikashukuru Mungu, nikasema sasa maneno yatazikwa naye. Maana maneno ya mtaani huchoka, Daktari. Yanazeeka na wenyewe. Wewe ukayaandika. Mwanangu ameyasoma darasani, mwalimu anayasimulia mbele ya wenzake."

Akakiweka kitabu mezani, akatoka. Viatu vyake vyeupe havikupiga kelele kwenye sakafu.

Jioni ile Bi Kinasa alimsimulia mumewe, akijitetea kuliko kusimulia. Ripoti ilikuwa na muhuri. Ilikuwa na saini. Hakukuwa na hati nyingine yoyote iliyoipinga. Mumewe alikuwa mezani anaondoa mfuniko wa redio ya jirani, akamsikiliza mpaka mwisho bila kuinua kichwa.

"Mama Watoto, mimi sijui historia. Lakini simu naijua. Simu haina upande mmoja. Huku kuna opereta na daftari lake la zamu, kule kuna opereta mwingine na daftari lake. Kila simu, iliyopokelewa na isiyopokelewa, inaandikwa. Umeona daftari?"

"La posta liliungua siku ile ile."

"Sikuulizi la posta. Nakuuliza la kule."

Miaka kumi na minne ya kazi, Bi Kinasa aliniambia, na hakuwahi kufikiri kwamba makao makuu nayo yalikuwa na mtu anayeshika simu. Alimfikiria ofisa, akaifikiria amri, akadhani amri husafiri yenyewe hewani.

Kulitafuta daftari lile kulimchukua miezi kumi na mmoja. Barua za kuomba kibali zilijibiwa kwa barua za kuuliza sababu. Wizara ikamtuma idara, idara ikamtuma ghala, na mtunza ghala, bwana mnene mwenye funguo nyingi kama za jela, akamwambia makaratasi ya simu ya miaka ile yalikwisha kuhukumiwa.

"Yamehukumiwa nini?"

"Kuchomwa, mama. Ila yule wa kuyachoma alistaafu, na mwingine hajaletwa."

Bi Kinasa anasema hajawahi kushukuru uvivu wa serikali kama siku ile. Walimfungulia chumba chini ya ngazi. Alikaa humo siku tisa, kitambaa puani, akitenganisha daftari na daftari kwa kisu cha kupakia siagi, maana panya na unyevu vilikuwa vimeyagandisha kama mkate. Siku ya tisa, baada ya chakula cha mchana, alilipata. Jalada jekundu, mwandiko mdogo uliosimama wima kama askari kwenye gwaride.

Kwanza aliona kitu alichokiogopa. Saa kumi na moja na dakika tano: haipokelewi. Na dakika ishirini: haipokelewi. Na dakika thelathini na tano: haipokelewi. Ofisa hakuwa ameongopa. Opereta hakuwepo. Bi Kinasa aliniambia kwamba hapo, kwa aibu, kuna sehemu ya nafsi yake iliyofurahi. Kisha akageuza ukurasa.

"11.50. Mji wa reli wamepiga. Yupo. Mtoto analia kwenye laini, nimemwambia arudie maneno. Anasema kituo cha mbele kimesikia ndege. Anaomba amri ya king'ora.

"11.53. Nimempa ofisa wa zamu. Amesema ngoja.

"12.01. Anaomba tena. Mtoto bado analia. Ofisa amesema nisimsumbue.

"12.09. Anaomba tena. Anasema anazisikia mwenyewe sasa.

"12.17. Laini imekufa."

Alisoma mara tatu. Halafu akatoka nje, akakaa kwenye ngazi za ghala juani, na mtunza ghala akamletea maji bila kuombwa, kwani alidhani ni vumbi.

Ukitoa lile neno "kutoroka", ripoti ya ofisa haikudanganya kwa kuongeza, alituambia darasani miaka mingi baadaye. Ilidanganya kwa kuacha. Ofisa alilichukua daftari lile lile, akanakili mistari mitatu ya kwanza, akafunga.

Yule aliyeandika daftari alikuwa bado hai. Alikuwa mzee wa miaka themanini na moja, anaishi kwa mjukuu wake katika nyumba ya ghorofa, chumba cha nyuma. Mtu aliyefanya kazi ya kusikiliza miaka thelathini sasa alikuwa hasikii hata radi. Ilibidi Bi Kinasa aandike maswali kwa herufi kubwa kwenye karatasi, naye mzee anajibu kwa sauti ya kupiga kelele mpaka jirani wa juu akagonga sakafu. Siku hiyo ndipo alipotumia kinasa sauti kwa mara ya kwanza. Mumewe alikuwa amekitengeneza kutokana na viwili vilivyokufa.

Aliandika: KWA NINI ULIANDIKA HABARI YA MTOTO?

"Kanuni!" mzee akasema. "Kila kelele kwenye laini iandikwe, ili mafundi wajue kasoro. Mvumo, mwangwi, mkwaruzo. Mtoto hakuwemo kwenye orodha ya kelele, lakini nikaona nitaandika nini sasa? Nikaandika mtoto."

ULIJUA ALIFUKUZWA?

Mzee alisoma karatasi ile muda mrefu kuliko zilivyohitaji herufi zake. "Nilijua."

HUKUSEMA?

"Nani aliniita? Hakuna aliyeniita. Na nilikuwa na watoto wanne na kazi moja." Akatazama dirishani. "Nilisema moyoni, daftari lipo, wakitaka kujua watafungua. Nikastaafu. Hawakufungua." Kisha akamgeukia ghafla, kama mtu aliyekumbuka jiko. "Yule mtoto aliishi?"

Bi Kinasa akaandika: ALIISHI. NI MKUNGA.

Mzee akaanza kucheka, mabega yakimtetemeka, na katikati ya kicheko machozi yakamshuka. "Yule? Alikuwa na mapafu yule! Nilikuwa nashika kile kipokeo mbali na sikio, namna hii!"

Bi Kinasa alikwenda kwa mkunga Jumapili, nyumbani kwake, akiwa na nakala ya kurasa mbili. Safari hii aliyekataa kiti ni yeye. Mkunga alisoma akiwa amesimama karibu na dirisha, kidole kikifuata mistari. Alipofika mwisho alirudi mwanzo, akasimama pale kwenye zile "haipokelewi" tatu.

"Kwa hiyo alitoka."

"Alitoka. Dakika arobaini na tano."

"Alinifuata mimi."

"Nadhani hivyo."

"Usinidhanie, Daktari. Kudhani ndiko kulikotufikisha hapa. Unajua au hujui?"

"Najua simu haikupokelewa kwa dakika arobaini na tano. Najua alipoipokea kulikuwa na mtoto analia karibu naye. Najua aliomba king'ora mara tatu na kwamba ujumbe ulimfikia ofisa. Alitoka kwa sababu gani, nani alikuwa amekushika, alikutoa wapi, hayo sijui. Hakuna anayejua tena."

"Kama angekuwepo zile dakika, ingebadilisha kitu?"

"Simu za kwanza zilikuwa za kawaida, za kujaribu laini tu. Habari ya ndege ilikuwa haijafika. Lakini siwezi kukuapia."

Mkunga akaikunja karatasi, akaikunjua tena. "Mama alikuwa na hasira na mimi," alisema. "Tangu nikiwa mdogo. Kitu kidogo tu, namna ya kunichana nywele, nilikuwa nahisi. Nikadhani mimi ni mtoto mbaya. Na hakunishusha mgongoni mpaka nina miaka minne, shangazi alikuwa akimcheka. Vyote viwili." Halafu akajifuta uso kwa kiganja, mara moja, kama mtu anayefuta meza. "Andika hivyo hivyo. Unalolijua, na usilolijua. Usimfanye shujaa. Alikuwa dobi."

Jemedari, ambaye sasa alikuwa mkuu wa kitivo, hakupendezwa. Alimwita ofisini, akafunga mlango. Kitabu kina tuzo, alisema. Kina dibaji yangu. Mwanahistoria hajisuti hadharani, unaweka tanbihi ndogo kwenye toleo lijalo, mambo yanaisha. "Ukianza kusahihisha kwa ajili ya machozi ya watu, mwanangu, hutamaliza."

"Sisahihishi kwa machozi, Profesa. Nasahihisha kwa daftari."

Wiki iliyofuata, kwenye semina ya idara, mbele ya wenzake na wanafunzi, alisimama akasoma ukurasa wa mia mbili na kumi na mbili kwa sauti. Akasema: "Sentensi hii ni yangu, na si kweli." Akaeleza alivyokosea, hatua kwa hatua, kama mtu anayeeleza mapigano aliyoshindwa. Wako waliomwonea fahari, na wako waliosema mtaani kuwa mwanamke yule amechanganyikiwa. Cheo cha uprofesa alichokuwa akikisubiri kilichelewa miaka sita. Kitabu kilitoka upya na sura nzima mpya. Posta aliiandikia barua nne kuomba rekodi ya opereta isafishwe. Hawakujibu hata moja, mpaka leo.

Tangu hapo hakurudi tena kwenye mizinga. Alianza kuzunguka na kinasa sauti. Aliwatafuta wanawake mia moja na kumi na wanne walioingizwa kazi za reli wanaume walipokwenda vitani, kisha wakarudishwa jikoni wiki ile ile amani ilipotangazwa. Mmoja alikuwa bado anaficha kofia yake ya kazi chini ya godoro. Aliandika juu ya shamba ambalo kwa kuogopa mabomu halikulimwa miaka thelathini, likawa msitu, na msitu ukawa mzuri kiasi kwamba koo mbili zikapelekana mahakamani kuugombea. Aliandika juu ya wake ambao waume zao hawakurudi wala hawakutangazwa kufa, wasioweza kuolewa wala kuomboleza. Aligundua kwamba nyumba zilizojengwa baada ya vita katika miji ya mpakani zina mlango wa nyuma mpana kuliko wa mbele, na wenye nyumba hawajui kwa nini. Fundi alijenga hivyo kwa sababu fundi wa kabla yake alijenga hivyo. Kwetu wanafunzi alikuwa na swali moja lililotutesa kwenye kila kazi tuliyompelekea. Alilipigia mstari kwa kalamu nyekundu: "Aliyeandika hii alikuwa amekaa wapi?"

Mkunga naye hakupotea. Alianza kuja mara moja moja kuuliza kazi inaendaje, kisha akaja bila cha kuuliza. Walifikia kuitana dada. Walikuwa wakibishana sana, maana mkunga alikuwa na ulimi, na fundi redio alisema nyumba ile ina vituo viwili na vyote vinatangaza kwa wakati mmoja.

Mwaka wa mwisho kabla hajastaafu, mimi nikiwa msaidizi wake, alikuja mtu mwingine. Mwanamume mwembamba, nadhifu, mwenye begi la ngozi lililochakaa pembeni. Alikuwa mtoto wa yule ofisa. Nilidhani amekuja na wakili.

"Baba yangu amefariki," alisema. "Kwenye toleo la pili la kitabu chako ni mtu aliyesema asisumbuliwe. Sikatai. Nimeliona daftari. Ila katika begi hili kuna barua zake kwa mama, za wiki ile. Wiki ile walipata maonyo manne ya ndege, yote ya uongo. Onyo la pili lilisababisha watu kukanyagana stesheni, mtoto mmoja akafa. Baba ndiye aliyetoa amri ya kupiga king'ora siku ile. Sitaki umsafishe. Nataka uzisome."

Nilimtazama Bi Kinasa. Alikuwa na miaka sitini na nne, miguu inamuuma, masanduku ya vitabu yamekwisha kufungwa kwa kamba tayari kuhamishwa. Angeweza kumwambia arudi kwa mrithi wake. Akasogeza sanduku kwa mguu, akaweka nafasi ya kiti, akatoa betri mpya.

"Karibu ukae," akasema. "Tuanze na mwandiko. Una uhakika ni wake?"

Alizisoma barua zile mwezi mzima. Akazilinganisha na madaftari ya siku nyingine za wiki ile. Maonyo manne yalikuwepo kweli, na mtoto wa stesheni alikuwepo kweli. Jina lake halikuandikwa popote. Bi Kinasa akaandika makala, ya mwisho aliyoitoa akiwa kazini. Hakufuta neno hata moja kuhusu opereta, wala hakuondoa lile "nisimsumbue".

Mkunga aliposikia, alikasirika. Hakupiga simu, hakuja. Miezi mitatu ikapita. Bi Kinasa hakumfuata, alisema tu kwamba ana haki yake. Lakini mumewe aliniambia kila gari liliposimama nje alikuwa akiinua kichwa.

Nilikuwepo Jumamosi mkunga aliporudi. Tulikuwa barazani tunapanga picha. Aliingia na viatu vyake vyeupe, akaketi bila kukaribishwa, akamimina chai mwenyewe, asiinywe.

"Umeandika ya yule pia."

"Nimeandika."

"Na yale usiyoyajua?"

"Nimesema siyajui."

"Ya mama hukuyagusa."

"Sikuyagusa, dada. Yako pale pale."

Mkunga alizungusha kikombe mezani, nusu mzunguko, akakirudisha. Akauliza kama mtoto wa stesheni alikuwa wa kike au wa kiume. Bi Kinasa akasema barua haikusema. Mkunga akatikisa kichwa taratibu.

"Ofisa mzima, anaandika barua kurasa sita, hasemi mtoto alikuwa nani," alisema. "Kuna mtu anajua. Mama wa mtoto hasahau. Huko stesheni umeuliza?"

"Bado."

"Basi Alhamisi sina zamu," akasema, na ndipo akainywa ile chai, ingawa ilikuwa imepoa.